Viazi na mayai: upike rakott krumpli ya Hungaria, tortilla ya Hispania au gratin ya Ufaransa?

Ukiwa na kilo moja ya viazi mviringo na mayai sita, chakula cha watu wanne au watano kimeshapatikana zaidi ya nusu. Kinachobaki ni kuamua uvipike vipi. Wahungaria huchemsha viazi na mayai, huvikata vipande vya duara, huvipanga tabaka kwa tabaka pamoja na soseji na krimu chachu, kisha huvioka mpaka juu pageuke rangi ya dhahabu. Hiyo ndiyo rakott krumpli. Wahispania hupika viazi taratibu ndani ya mafuta, huvichanganya na mayai mabichi yaliyopigwa, na kuvigandisha kwenye kikaango. Hiyo ni tortilla ya viazi. Wafaransa wa Dauphiné, kusini-mashariki mwa nchi yao karibu na milima ya Alps, hupanga viazi vibichi ndani ya maziwa na krimu na kuviacha kwenye oveni kwa zaidi ya saa moja. Hiyo wanaiita gratin dauphinois.

Vyakula hivi vitatu vinapikika Nairobi, Arusha au Mombasa kwa vitu vya sokoni, na kila kimoja kinafaa siku ya mvua ambapo watu nyumbani wanataka kitu cha moto, laini na cha kushibisha. Lakini havigharimu sawa, havichukui muda sawa, na havidai jiko la aina moja. Mimi naegemea rakott krumpli na nitaeleza sababu. Hata hivyo zipo nyumba ambazo ningezishauri zipike tortilla bila kusita, na kuna mlo mmoja ambao gratin inazishinda zote mbili.

Tazama kwanza kazi ya yai

Ukitaka kuchagua vizuri, jiulize yai linafanya nini ndani ya chakula. Majibu ya mengine yote yanatoka hapo.

Kwenye rakott krumpli yai ni tabaka. Limechemshwa likaiva, limekatwa, limelazwa juu ya viazi, na ukifika kulila unalitambua: ute mweupe, kiini cha njano kilichokunywa krimu kidogo. Halishikilii kitu. Kinachoshikamanisha chakula ni krimu iliyoganda kwa moto pamoja na wanga wa viazi. Kwa hiyo hata ukipunguza mayai yakawa manne, chakula hakisambaratiki, ila tabaka la njano linakuwa jembamba.

Kwenye tortilla yai ndilo gundi. Bila yai unabaki na viazi vya mafuta tu. Na gundi hiyo inakwenda mbali kuliko mtu anavyodhani. Mwaka 1817 Bunge la Navarra, kaskazini mwa Hispania, liliandikiwa waraka kuhusu hali ya wakulima wa huko, na humo imetajwa jinsi wanawake wao walivyojua kutengeneza tortilla kubwa na nene kwa mayai machache, kwa kuyachanganya na viazi au chenga za mkate, mayai mawili au matatu yakatosha watu watano hadi sita. Huo ni ujuzi wa nyumba yenye mayai machache, na bado una maana leo, trei ya mayai inapopanda bei.

Kwenye gratin ya asili yai halimo. Wapo wapishi wakubwa wa Kifaransa walioongeza yai na jibini, lakini watu wa Dauphiné wenyewe wengi hawakubali. Uzito wa mchuzi unatokana na wanga unaotoka kwenye vipande vya viazi vibichi na kuyafanya maziwa yawe mazito. Ndiyo maana viazi vya gratin haviloweshwi wala havisuuzwi baada ya kukatwa. Ukivisuuza umemwaga gundi yenyewe, na utaishia na viazi vinavyoelea kwenye maziwa mepesi.

Rakott krumpli kwa karibu

Kipimo kinachofaa chombo cha oveni cha ukubwa wa kawaida ni hiki: viazi kilo moja, mayai sita, krimu chachu nusu lita, soseji iliyokaushwa kwa moshi gramu 200 hadi 250, siagi vijiko viwili vikubwa, na chenga za mkate mkavu konzi moja.

Viazi vichemshwe na maganda yake. Watu wengi huku kwetu tumezoea kumenya kwanza, na kwa mchuzi ni sawa, lakini hapa ganda lina faida: linazuia kiazi kisinywe maji. Kiazi kilichojaa maji kitamwaga maji hayo ndani ya oveni, na krimu itakatika. Vianzishe kwenye maji baridi yenye chumvi, vichemke kwa dakika 25 hivi kama ni vya saizi ya kati, mpaka kisu kipite katikati bila kiazi kupasuka. Vimenye vikiwa vuguvugu, kisha uviache vipoe kabisa kabla ya kukata. Kiazi cha moto hukatika ovyo, kilichopoa hutoa duara safi la nusu sentimita.

Mayai yachemshwe dakika kumi, yatiwe kwenye maji baridi papo hapo. Yakipitiliza, kiini huzungukwa na utepe wa kijani, ambao ni chuma cha kiini kimekutana na salfa ya ute. Hauna madhara, ila kwenye chakula hiki utauona kila kipande unachokata. Mayai yaliyokaa siku kadhaa humenyeka kwa urahisi zaidi kuliko yaliyotagwa jana, kwa hiyo kama unanunua kwa mfugaji wa jirani, yapange mapema.

Jambo moja kwa wakazi wa nyanda za juu. Nairobi iko karibu mita 1,800 juu ya usawa wa bahari, na maji huko huchemka kwenye nyuzi 94 hivi badala ya 100. Njombe na Nyandarua hali ni hiyohiyo au zaidi. Kwa hiyo dakika kumi za yai zinazotosha Tanga au Mombasa zifanye dakika kumi na mbili Nairobi, na viazi uviongezee muda pia. Mapishi ya mtandaoni hayasemi hivyo kwa sababu mengi yameandikwa na watu wanaoishi mabondeni.

Sasa kupanga. Pakaa chombo siagi, nyunyiza chenga za mkate chini na pembeni. Tabaka la kwanza ni viazi, vikipandana kidogo kama vigae. Tia chumvi hapo hapo, usingoje mwisho. Viazi humeza chumvi, na krimu haina chumvi yake, kwa hiyo kila tabaka la viazi lipate chumvi yake. Paka krimu. Lala mayai. Lala soseji. Rudia, na umalizie kwa viazi, krimu nyingi na vipande vya siagi juu. Oveni iwe nyuzi 180 hadi 200, dakika 30 hadi 40, mpaka pembeni krimu ichemke kwa mapovu madogo na juu pawe na madoa ya kahawia. Ukikitoa, kiache dakika kumi bila kukigusa. Ukikikata mara moja tabaka zitateleza.

Soseji ndiyo inayobeba harufu. Ile ya Hungaria, kolbász, kwa kawaida ni ya nguruwe, imekaushwa kwa moshi na ina paprika nyingi, yaani unga wa pilipili tamu nyekundu isiyowasha. Ikipata moto, mafuta yake huyeyuka yakiwa mekundu na kuteremka kwenye viazi vilivyo chini yake, na kila duara la viazi hupata ukingo wa rangi ya machungwa. Kwa nyumba isiyokula nguruwe, au kwa asiyepata soseji hiyo, soseji ya ng'ombe ya kawaida inafaa, ila inahitaji msaada. Ikate vipande vyembamba, ikaange kwa vijiko viwili vya mafuta mpaka kingo zikauke, epua kikaango motoni, ndipo utie kijiko kidogo cha paprika na punje moja ya kitunguu saumu iliyopondwa. Paprika ikikutana na mafuta ya moto mkali huungua kwa sekunde chache na kuwa chungu, ndiyo maana kikaango kiepuliwe kwanza. Mimina soseji na mafuta yake yote juu ya viazi. Kwa wasiokula nyama, vitunguu vilivyokaangwa polepole mpaka vikawa vya kahawia vinajaza nafasi hiyo vizuri, na uyoga pia.

Majirani wa Hungaria wanakipika chakula hiki kwa jina jingine. Slovakia, Ucheki na Romania wanakiita viazi vya Kifaransa, na mara nyingi huongeza jibini juu. Ukitafuta picha zake mtandaoni zifuate kwa majina yote mawili.

Krimu chachu, mtindi au krimu ya kawaida?

Hapa ndipo rakott krumpli ya huku inapofaulu au kuharibika, kwa hiyo nitakaa kidogo.

Krimu chachu ya Hungaria, tejföl, huwa na mafuta ya asilimia 12 au 20. Mtindi wetu, au maziwa lala kama wanavyosema Kenya, una mafuta kiasi cha asilimia tatu tu na maji mengi. Ukiumimina kama ulivyo ndani ya oveni, moto na uchachu vitafanya protini ya maziwa ishikane na kukaza, maji yajitenge, na chakula kitatoka na madonge madogo meupe yanayoelea kwenye maji ya kijivu. Ladha si mbaya, lakini ule ulaini uliokifanya uchague chakula hiki haupo.

Dawa yake si ngumu. Chuja mtindi kwenye kitambaa safi chembamba, uuning'inize au uuweke juu ya chujio ndani ya friji kwa saa tatu au nne. Lita moja itabaki kama nusu lita ya kitu kizito kinachokaa kwenye kijiko bila kudondoka. Koroga humo kiini kimoja cha yai na kijiko kikubwa kimoja cha unga wa ngano. Wanga wa unga na kiini huikinga ile protini isishikane. Ukiwa na krimu ya maziwa, hata robo kikombe, ongeza, kwa sababu mafuta nayo hukinga. Mchanganyiko huu unaoka vizuri bila kukatika, na uchachu wake uko karibu sana na wa krimu chachu ya dukani, ambayo kwenye maduka makubwa ya Nairobi na Dar es Salaam inapatikana lakini inauzwa kwenye vikopo vidogo kwa bei ya kuumiza.

Je, krimu ya kawaida isiyochachuka inafaa? Inaoka bila tabu, lakini chakula kinapoa ladha. Viazi, mayai, siagi na krimu tamu vyote viko upande mmoja wa ulimi, na baada ya vijiko vitano mtu amekinai. Uchachu ndio unaomfanya aendelee kula. Ukilazimika kutumia krimu tamu, kamulia ndimu kidogo humo na ukoroge, uiache dakika kumi.

Gratin ni kinyume chake. Haitaki uchachu kabisa. Inataka maziwa yenye mafuta yote, nusu lita kwa kilo ya viazi, na krimu karibu kikombe kimoja na robo. Uchachu wowote kwa saa nzima na zaidi ya moto ungeyakata maziwa. Na tortilla haidai maziwa ya aina yoyote. Kwa nyumba yenye mtu asiyepatana na maziwa, uamuzi umeshafanyika.

Jiko ulilonalo

Mapishi mengi ya kigeni yanaanza kwa kudhani una oveni. Nyumba nyingi hazina, na katika jambo hili vyakula hivi vitatu vinaachana sana.

Tortilla inahitaji moto mmoja na kikaango kimoja kisichonata, cha sentimita 22 hadi 24. Gesi, umeme, hata mkaa uliotulia, vyote ni sawa. Viazi gramu 700, mayai sita, kitunguu kimoja, na mafuta ya kutosha kuvifunika viazi. Wahispania hutumia mafuta ya zeituni, lakini mafuta ya alizeti ya Singida au Dodoma yanafanya kazi vizuri na hayapotei: ukishachuja viazi, mafuta yanarudi kwenye chupa kwa kupikia mboga kesho. Viazi vikatwe vyembamba na viive kwenye mafuta ya moto mdogo kwa dakika 20 bila kubadilika rangi. Vichuje, vichanganye na mayai yaliyopigwa na chumvi, acha dakika kumi vinywe, kisha rudisha kikaangoni. Dakika nne au tano, funika kwa sahani pana, pindua, telezesha tena upande wa pili dakika tatu. Mtu aliyezoea chipsi mayai ataona ndugu yake hapa, ila chipsi mayai huanza na chipsi zilizokaangwa kwa mafuta ya moto mkali zikawa kavu nje, na tortilla inataka kiazi laini kinachopondeka kwa uma. Ladha inabadilika kabisa. Chipsi mayai ni ya kula papo hapo na kachumbari, tortilla hutulia na kuwa tamu zaidi ikipoa.

Kuhusu kitunguu, Wahispania wana ubishi mkali wa kutia au kutotia. Nashauri utie, kwa sababu kinaleta utamu na unyevu. Kuna mji wa Betanzos, kule Galicia, ambako tortilla inaliwa bila kitunguu na ikiwa majimaji katikati. Kwa watoto wadogo, wajawazito na wazee, usifuate hiyo. Pika yai mpaka ligande lote.

Rakott krumpli kwa kawaida ni ya oveni, lakini ina faida moja ambayo sijaona watu wakiisema: kila kilichomo kimeshaiva kabla ya kupangwa. Oveni inafanya kazi mbili tu, kupasha na kupiga rangi juu. Kwa hiyo inavumilia moto usiotabirika. Mpishi wa Pwani anayejua kuchoma mkate wa kumimina kwa moto wa juu na chini hahitaji kufundishwa lolote. Tumia sufuria nzito yenye tako pana, makaa machache yaliyokwisha kupoza ukali chini, funika kwa mfuniko bapa au sinia, panga makaa mengi zaidi juu. Dakika 30 zinatosha. Chungulia mara moja tu, kwa sababu kila ukifunua majivu hutafuta njia ya kuingia. Kwa mwenye jiko la gesi bila oveni, weka chombo ndani ya sufuria kubwa yenye mchanga mkavu au chumvi ya mawe chini, kama watu wanavyooka keki, ufunike, moto mdogo kwa dakika 45. Juu hapatapata rangi. Kaanga chenga za mkate kwa siagi pembeni mpaka ziwe kahawia, uzimwage juu wakati wa kupakua, na mlaji atapata ule ukavu anaoutarajia.

Gratin haivumilii hayo. Viazi vimeingia vibichi, vimekatwa kwa unene wa milimita tatu, na vinahitaji nyuzi 150 hadi 160 kwa saa moja na robo hadi saa moja na nusu bila moto kupanda wala kushuka. Kwenye mkaa, chini huungua huku katikati bado kiazi kinagonga meno. Na umeme ukikatika katikati ya safari, viazi vilivyoiva nusu havirudi sawasawa. Bila oveni ya kuaminika, iache.

Kiazi kipi

Kwa rakott krumpli na tortilla chagua kiazi kinachoshikilia umbo kikichemka. Kwa gratin unataka chenye wanga mwingi zaidi, ambacho kingo zake zinalegea na kuufanya mchuzi mzito. Kenya, Shangi imejaa kila soko. Inaiva haraka na inafaa kote, ila haikai sana kabla ya kuanza kuota, na ikichemshwa dakika chache za ziada hupasuka. Kwa hiyo ukitumia Shangi, anza kuijaribu kwa kisu mapema. Tanzania viazi vya Njombe, Mbeya na Lushoto huuzwa mara nyingi bila jina la mbegu, na muuzaji ukimuuliza vipi vya kuchemsha na vipi vya chipsi atakuonyesha, kwa kuwa wakaanga chipsi humuuliza kila siku. Vya kuchemsha ndivyo unavyovitaka kwa rakott krumpli.

Acha viazi vyenye ukijani kwenye ganda. Ukijani huo unaonyesha kiazi kimekaa kwenye mwanga, na mahali hapo hujenga sumu ya uchungu ambayo kuchemsha hakuiondoi.

Gharama na muda

Kwa gharama, tortilla ndiyo ya chini, hata ukihesabu mafuta, kwa sababu mengi yanarudi chupani. Rakott krumpli inapanda kwa soseji na krimu, lakini ukitumia mtindi uliochujwa na nusu ya soseji, gharama inashuka vizuri na chakula bado kina heshima yake. Gratin haina nyama wala mayai na bado si rahisi mfukoni, kwani krimu ndiyo kila kitu, na kwa kuwa haijitoshelezi utalazimika kununua nyama ya kuliwa nayo.

Muda: tortilla dakika 50 kuanzia kumenya hadi mezani, ila huwezi kuondoka jikoni. Gratin unafanya kazi dakika 20 na oveni inafanya saa moja na nusu. Rakott krumpli ni kama saa moja na nusu kwa jumla, lakini inagawanyika. Viazi na mayai vinaweza kuchemshwa jana yake. Chombo kinaweza kupangwa asubuhi, kikafunikwa kikakaa friji, kikaingia motoni jioni. Ni sifa kubwa kwa mtu anayerudi kazini saa kumi na mbili, na kwa mwezi wa Ramadhani: unapanga alasiri, unaingiza oveni nusu saa kabla ya magharibi, na wakati watu wanamaliza tende na uji, chakula kinatulia juu ya meza.

Nani apike nini

Bila oveni, bila maziwa, au peke yako na mwenzako mmoja: tortilla. Mayai manne, viazi nusu kilo, kikaango kidogo, na mkate pembeni. Ndiyo pia ya kufunga kwenye kibweta cha mtoto wa shule, kwani inaliwa ikiwa baridi na haimwagiki.

Ukichoma mguu wa mbuzi au kuku mzima siku ya sikukuu na unatafuta kitu laini cha kukaa pembeni: gratin. Ndiyo nafasi yake tangu zamani. Jina lake limeandikwa kwa mara ya kwanza kuhusu karamu ya tarehe 12 Julai 1788 mjini Gap, ambako Duke wa Clermont-Tonnerre aliwaandalia maofisa wa mji, na siku hiyo ililiwa pamoja na nyama ya ndege. Paka kitunguu saumu chombo kizima kabla ya kupanga viazi, na kwaruza kungumanga juu ya maziwa. Ukiwa na kungumanga nzima kutoka Unguja, ikwaruze papo hapo. Ile ya unga iliyokaa kwenye kopo mwaka mzima haina harufu tena. Gratin peke yake kama mlo mkuu nimeiona ikiwachosha walaji kabla ya nusu ya sahani, na hilo si kosa la mpishi.

Familia ya watu watano, jioni ya baridi, chakula kimoja kinachojitegemea chenye wanga, protini na mafuta ndani ya chombo kimoja: rakott krumpli, na hapa sioni mpinzani wake. Watoto wanaipenda kwa sababu wanaona kila kitu kilichomo. Mgeni anaiona imepangwa kwa kujali. Inataka tu kitu kichachu na kibichi pembeni. Hungaria huweka matango au kabichi za siki. Kachumbari yenye ndimu ya kutosha na kabichi iliyokatwa nyembamba inafanya kazi hiyohiyo, na achari ya ndimu kwa kiasi kidogo ni nzuri zaidi, maana inakata mafuta ya krimu kwa ukali. Wali au ugali usiweke, viazi vimeshachukua nafasi hiyo.

Na kuhusu kiporo. Gratin ikipashwa moto mafuta ya krimu hujitenga na viazi huwa vya kunata, kwa hiyo pika ya kuisha. Tortilla hukaa friji siku mbili, ila usiipashe moto, itakauka, itoe tu nusu saa kabla ya kula. Rakott krumpli hukaa siku mbili hadi tatu ikiwa imefunikwa. Siku ya pili ikate miraba ikiwa baridi, wakati tabaka zimeshikana kabisa, uilaze kwenye kikaango chenye siagi kidogo, upande wa viazi chini, ufunike, moto mdogo. Chini kutakuwa na ukoko wa kahawia ambao oveni haitoi, na wapo wanaopika chombo kikubwa makusudi ili ukoko huo upatikane kwa chai ya asubuhi.